Kwa nini Mlima Kitonga hauna handaki wakati Uswisi wametoboa kilomita 57?

#1 Gia Kubwa (mleta uzi)
Wadau, habari za jioni. Uswisi wana handaki la reli la Gotthard, kilomita 57, limezinduliwa Juni 2016. Kwenye safu hiyo hiyo ya milima kuna la zamani la reli, kilomita 15, la mwaka 1882, na la barabara la karibu kilomita 17 lililofunguliwa 1980. Mlima mmoja, matundu matatu. Sisi kila semi inayotoka bandarini Dar kwenda Tunduma lazima ikapande Kitonga kwa gia ya chini kabisa, na ikilala moja tu kwenye kona, foleni inashuka mpaka bondeni. Tunashindwa wapi kutoboa? Na msijibu "hela" peke yake.

#2 Kijana wa Vingunguti
Hela. Uzi ufungwe.

#3 Mchora Ramani
Mkuu Gia Kubwa, mfano wako umekaa upande. Gotthard ni mgongo: unapanda upande huu, unashuka upande ule. Mdomo wa kaskazini wa lile handaki refu, Erstfeld, uko kama mita 460 juu ya usawa wa bahari. Wa kusini, Bodio, uko kama 312. Pande zote mbili ni chini, kwa hiyo ukipita tumboni mwa mlima umeepuka kupanda kabisa.

Kitonga ni ngazi. Ukitoka Ruaha Mbuyuni unapanda kwenda nyanda za juu za Iringa na unabaki huko huko juu. Hata ukitoboa, lazima utokee juu. Handaki halifuti kimo, linakuhamisha tu kutoka kwenye kona za nje kwenda ndani.

Sasa piga hesabu. Sheria ya Ulaya ya mahandaki ya barabara (2004) hairuhusu handaki jipya lizidi mwinuko wa asilimia 5, isipokuwa kama hakuna njia nyingine. Kwa asilimia 5, kila mita 100 za kimo zinataka kilomita 2 za handaki. Ukitaka kumeza mita 500, ni kilomita 10 za kupanda mfululizo gizani, na semi imebeba shaba.

#4 Nondo16
Mchora Ramani umeeleza vizuri ila hoja yako inavunjwa na TAZARA, reli ya Tanzania na Zambia. Mlimba mpaka Makambako nako ni kupanda ngazi ile ile ya nyanda za juu, na Wachina walitoboa mahandaki 18 miaka ya sabini. Kwa hiyo ngazi inatoboleka.

#5 Gia Kubwa
Eeh, hapo sasa. TAZARA nzima handaki 18.

#6 Reli Nyembamba
Hapana, mleta uzi. Hizo 18 ni za kipande cha Mlimba–Makambako tu, kilomita kama 157, chenye pia madaraja 46. Reli nzima ya kilomita 1,860 ina mahandaki 22.

Na Nondo16, yale ni mafupi. Reli inapanda kwa kuzunguka ubavuni mwa mlima, na kila pua ya mlima ikijitokeza mbele, inatobolewa ili kona isiwe kali kuliko treni inavyoweza kukata. Kazi ya handaki pale ni kunyoosha kona. Kupanda kunafanywa na urefu wa njia. Lile la Uswisi la 1882 ni hivyo hivyo kwenye njia za kulifikia: pale Wassen reli inajizungusha ndani ya mlima, na abiria analiona kanisa lile lile mara tatu, kila mara likiwa kimo tofauti.

Gia Kubwa akitaka mfano wa karibu zaidi, aangalie reli mpya ya kisasa (SGR) ya Nairobi kwenda Naivasha: handaki la Ngong, kilomita 4.5, kwenye kushuka Bonde la Ufa. Au yetu ya Kilosa, mahandaki manne, jumla kama kilomita 2.6.

#7 Fundi Feni
Wote mnazungumzia mwinuko kana kwamba tatizo ni injini. Tatizo ni hewa.

Handaki la kupanda ni dohani. Moto ukiwaka, moshi unapanda wenyewe kuelekea mdomo wa juu, na kadiri mwinuko unavyozidi ndivyo unavyokimbia. Kwenye handaki lenye feni za darini zinazosukuma hewa upande mmoja, unahitaji upepo wa karibu mita 3 kwa sekunde ili moshi wa lori linaloungua usirudi nyuma kwa walionaswa kwenye foleni. Kama unasukuma kuelekea chini, unapigana na dohani. Kama unasukuma kuelekea juu, walio mbele ya moto wanafunikwa na moshi. Ndiyo maana magari yanayopishana kwenye bomba moja, yaani tundu moja la handaki, ni balaa: kila upande wa moto kuna watu.

Hapo sijagusa siku ya kawaida. Lori la dizeli linalopanda kwa gia ya pili linatoa moshi mara kadhaa kuliko likiwa tambarare. Handaki la kilomita 10 la namna hiyo linataka mashimo ya wima ya kuingizia hewa, feni zake, umeme wa njia mbili tofauti na jenereta juu yake. Umeme ukikatika, unafunga barabara. Huna ujanja.

#8 Mwamba Mgumu
Fundi Feni, Norwei wanafanya hayo yote unayoyaogopa. Lærdal, kilomita 24.5, tangu mwaka 2000, bomba moja, magari yanapishana. Wamechimba kumbi tatu kubwa ndani na kuziwekea taa za bluu ili dereva asilale. Oslofjord linapita chini ya bahari kwa mwinuko wa asilimia 7. Na magari ya Lærdal ni machache, wala msiniambie lazima uwe na msururu wa magari kama Mandela Road ndipo uchimbe.

#9 Fundi Feni
Asante kwa kunisaidia, Mwamba. Oslofjord liliungua 2011 na tena 2017, na mara zote ilikuwa malori. Asilimia 7 kushuka inachemsha breki, asilimia 7 kupanda inachemsha injini. Lærdal wanaliweza kwa sababu magari ni machache, na bado wamelitengea mtambo wa kusafisha hewa ndani ya mwamba.

#10 Mwamba Mgumu
Na mwamba wao ni mgumu, usisahau. Mwamba wa naisi wa Norwei unaweka bolti na zege la kunyunyizia, unaondoka. Hapa hakuna hata mmoja aliyetuambia Kitonga ndani kuna nini. Bila matundu ya majaribio, mnabishana kuhusu tumbo la mjamzito.

#11 Tanki la Mbagala
Jamani, nusu ya mnaowaona Kitonga wamebeba mafuta ya Zambia na Kongo. Handaki la barabara la Gotthard liko daraja E la mizigo hatari, yaani lile gumu kuliko yote. Tanki la petroli haliingii. Tukichimba na tukafuata sheria hiyo, matanki yote yanabaki kwenye kona za zamani. Kwa hiyo mnajenga handaki kwa ajili ya mabasi na magari madogo, na tatizo mlilolianzishia uzi linabaki pale pale.

#12 Kijana wa Vingunguti
Nilisema hela. Lakini #11 imeniuma zaidi.

#13 Mama Kokoto
Mmeruka swali hili: kwa nini Uswisi walichimba la tatu wakati wanayo mawili? Jibu ni sheria. Mwaka 1994 wananchi walipiga kura kwamba mizigo inayokatiza Alps ihamie kwenye reli, na katiba yao inakataza kuongeza uwezo wa barabara za kukatiza Alps. Malori yalikuwa kama milioni 1.4 kwa mwaka mwaka 2000, sasa yako chini ya milioni. Tangu 2001 lori linalipia kila kilomita kwa uzito wake. Handaki la kilomita 57 ni mkono wa pili wa sheria hiyo: umemfukuza mwenye lori barabarani, lazima umpe pa kwenda.

Na angalieni vituko: 2016 walipiga kura kujenga bomba la pili la barabara. Likiisha, la kwanza linakarabatiwa, halafu kila bomba litatumia njia moja tu ya magari. Njia ya pili inabaki ya dharura. Wana njia nne, wanatumia mbili, kwa sababu katiba imesema. Jaribu kumweleza dereva wa daladala hilo.

#14 Reli Nyembamba
Dada Mama Kokoto, sheria ni sehemu, ila fizikia ilitangulia. Njia ya zamani inapanda mpaka mita 1,151 kwa mwinuko wa mita 26 na ushee kwa kila kilomita. Ile mpya ya chini kilele chake ni mita 549, na ndani haifiki mita 7 kwa kilomita. Treni ya tani 1,000 kuipandisha mita 600 zaidi ni takriban yuniti 1,600 za Luku, kabla hujahesabu msuguano. Kwenye mwinuko wa 26 mlima peke yake unaivuta hiyo treni nyuma kwa nguvu ya uzito wa tani 26. Kwenye 7 ni tani 7. Ndiyo maana treni nzito ilikuwa inaongezewa vichwa, na kuviongeza na kuvitoa kunakula muda wa wafanyakazi.

#15 Nondo16
Chai hiyo, mkuu. Vichwa vya umeme vikishuka upande wa pili vinarudisha umeme kwenye waya. Yuniti zako 1,600 sehemu kubwa zinarudi.

#16 Reli Nyembamba
Sehemu inarudi, zote hapana. Na umeme unaorudi haukuongezei kichwa wakati wa kupanda. Kinachoumiza ni nguvu ya kuvuta kwenye kulabu: ukizidisha mabehewa kwenye mwinuko ule, kulabu inakatika na treni inagawanyika katikati.

#17 Mchora Ramani
Mimi naona wote mna haki nusu. Ila bila sheria ya #13 nani angelipa hesabu ya #14?

#18 Mwamba Mgumu
Turudi ardhini. Kinachoua mradi wa handaki ni maji na mwamba laini, wala si urefu. Mifano ya Uswisi huko huko:

Handaki la reli la Lötschberg, Julai 1908. Walikuwa wanapita chini ya bonde la Gastern wakiamini kuna mwamba juu yao. Kumbe bonde lilijaa kokoto na maji kwenda chini kuliko walivyodhani. Walipolipua, vyote viliingia ndani, watu 25 wakafa. Kipande hicho kikazibwa, na handaki likapindishwa kuzunguka. Leo hii kuna kona kwenye ramani ambayo haina sababu nyingine.

Gotthard jipya, eneo la Piora: hofu ilikuwa mwamba wa dolomiti uliooza ukawa kama sukari wenye maji ya shinikizo. Walitoboa matundu ya majaribio miaka ya tisini, na mojawapo likatapika maji na mchanga. Lakini chini, kwenye kina cha handaki lenyewe, walikuta mwamba mkavu na mgumu. Wangeruka hatua hiyo wangebadilisha njia bure.

Sedrun, sehemu nyingine ya handaki hilo hilo, mwamba unaokamua: unachimba duara, kesho limepungua. Walichimba kubwa kuliko linalohitajika, wakaacha nafasi ya mpaka sentimita 70, wakaweka matao ya chuma yenye viungo vinavyoteleza ili yajifunge taratibu badala ya kupinda. Na joto: juu ya kichwa kuna mita 2,300 za mwamba, ndani mwamba unafika digrii 46. Bila kupoza hewa hakuna fundi anayemaliza zamu.

#19 Gia Kubwa
Mwamba, tupe basi hatua za kuchimba kwa baruti. Wengine tunajua koleo tu.

#20 Mwamba Mgumu
Kwa handaki la njia mbili za magari ni hivi. Mpima anachora uso wa mwamba. Mashine yenye mikono miwili mitatu inatoboa matundu mia na ushee, ya kama milimita 45, kina mita 3 hadi 4. Katikati unatoboa matundu machache makubwa zaidi ambayo hayawekwi baruti, kazi yake ni kuupa mwamba pa kukimbilia. Yanayoyazunguka yanalipuka kwanza, kisha yanayofuata kwenda nje, kila kundi likichelewa sehemu ndogo ya sekunde. Ya pembezoni kabisa yanalipuka mwisho na baruti kidogo, ili ukuta ubaki laini. Ukiweka nyingi pembezoni unakula mwamba usiohitaji kuula, na kila sentimita uliyoizidisha utailipia zege.

Baada ya hapo, hewa. Hakuna mtu anayeingia mpaka moshi wa baruti umetolewa na kipimo cha gesi kimesoma salama. Halafu unaangua mawe yaliyolegea darini, ndipo upakie kifusi. Wanaopakia kwanza wakiahidi kuangua baadaye ndio wanaozikwa. Kisha zege la kunyunyizia lenye nyuzi za chuma, bolti, na vipimo vya kuona kama kuta zinasogea. Kwenye mwamba mbaya unapunguza hatua kutoka mita 4 hadi mita moja. Hapo ndipo bajeti inapoharibikia.

#21 Nondo16
Na mashine ya duara, ile inayokula mwamba kwa kichwa kinachozunguka? Kilosa wangetumia lile fuko la Uswisi wangemaliza wiki mbili 😂

#22 Mwamba Mgumu
Fuko la Gotthard na mkia wake lilikuwa na urefu wa mita 400 na ushee. Kilosa kichwa kingeshakula sehemu kubwa ya handaki mkia ukiwa bado nje. Kwa handaki fupi, gharama ya kulileta, kulifunga na kulifungua inashinda kazi yenyewe. Pia likikwama kwenye mwamba uliopondeka, haligeuki. Unachimba pembeni kwa mikono kwenda kulikomboa. Baruti inakuruhusu kubadili umbo na msaada kila hatua.

#23 Mama Kokoto
Tusisahau afya. Kwenye lile la 1882, mbali na mawe na maji, wafanyakazi walishambuliwa na safura. Joto, unyevu, hakuna vyoo, watu peku. Mkandarasi mwenyewe, Louis Favre, alifia ndani ya handaki mwaka 1879 kabla pande mbili hazijakutana.

#24 Fundi Feni
Na moto, kwa wanaosema magari kupishana si neno. Mont Blanc, Machi 1999: lori la unga na siagi ya mimea liliwaka, watu 39 walikufa, moto ulidumu saa 53. Hewa safi iliendelea kuingizwa upande wa Italia, ikausukumia moshi upande wa Ufaransa. Vyumba vya kujihifadhi vilikuwepo, ila havikuwa na ujia wa kutokea nje uliojengwa kwa ajili ya watu. Gotthard ya barabara, Oktoba 2001: malori mawili yaligongana, watu 11 walikufa. Pale kulikuwa na vyumba kila mita 250 vinavyoingia kwenye ujia wa pembeni, na waliowahi milango walitoka. Baada ya hapo malori yanaachiwa kwa kupimwa nafasi, na kabla ya kufika kuna lango linalopima joto la injini na breki. Lenye breki zinazowaka linawekwa pembeni lipoe.

Kama mnataka kitu cha kuiga Kitonga kesho asubuhi, igeni lango hilo. Halihitaji handaki.

#25 Tanki la Mbagala
Naunga mkono #24, na muongeze njia ya kuokolea lori lililokatika breki. Ila ijengwe kama inavyotakiwa: kokoto za mviringo za ukubwa mmoja, kina kama mita moja, zisishindiliwe. Tatizo huwa matunzo. Mvua ikileta udongo katikati ya kokoto zinakuwa ngumu kama lami, lori linapita juu. Lazima zichakurwe mara kwa mara. Na tani 50 kushuka mita 500 ni yuniti 68 za joto. Kama dereva hakutumia breki ya injini, zote zinaishia kwenye ngoma za breki.

#26 Mchora Ramani
Kokoto za mviringo zikiachwa bila ulinzi mkoa ule, wiki mbili zimeshakuwa sakafu ya nyumba ya mtu.

#27 Reli Nyembamba
😂 Kweli tupu. Ila hata reli msiione salama moja kwa moja. Gotthard jipya lina mabomba mawili, kila bomba treni upande mmoja, na milango ya kuvukia bomba la pili kila mita 325 hivi. Agosti 2023 gurudumu la behewa la mizigo lilipasuka, treni ikaacha reli ndani na kuharibu kilomita kama 7 za njia. Hakuna aliyekufa, lakini kulirudisha kikamilifu ilichukua mpaka Septemba 2024. Mle ndani mataluma yameshikwa na zege. Hakuna kumwaga kokoto ukapita.

#28 Nondo16
Gurudumu lilipasuka kwa nini? Wengine wanasema pedi za breki za mchanganyiko, zile zilizowekwa badala ya chuma ili treni zipunguze kelele. Zinapeleka joto kwenye gurudumu.

#29 Reli Nyembamba
Nyufa za uchovu wa chuma zilikutwa, hilo halina ubishi. Joto la pedi ndilo linalobishaniwa: wenye mabehewa wanavuta huku, wenye njia wanavuta kule.

#30 Bibi wa Pugu
Samahani, naingilia. Treni ya kasi ikiingia handakini masikio yanaziba. Ni kimo au nini?

#31 Fundi Feni
Si kimo. Treni ikiingia inasukuma hewa, wimbi la shinikizo linakimbia mbele kwa kasi ya sauti, linagonga mdomo wa pili, linarudi. Handaki la kilomita moja, kwenda na kurudi ni kama sekunde 6, na treni ya kilomita 160 kwa saa inakaa ndani sekunde 22 na ushee. Kwa hiyo linakupita mara kadhaa.

#32 Mchora Ramani
Kimo kipo pia. Morogoro kwenda Dodoma unapanda mamia ya mita.

#33 Nondo16
Mimi nasema ni raba za milango. Behewa lililozibwa vizuri husikii kitu.

#34 Kijana wa Vingunguti
Bibi, meza mate tu, hawa watabishana mpaka treni ifike Dodoma. Mleta uzi, na Kitonga tumeishia wapi?

#35 Gia Kubwa
Kwenye gia ya kwanza, mkuu. Mwamba Mgumu, hayo matundu ya majaribio yanatobolewa kila baada ya mita ngapi?